Historia ya Marehemu Telesphori Mihayo, Aliyeigiza Mchawi

Baba Paroko, viongozi wa kijiji, wasanii na ninyi nyote mliofika hapa Runzewe kutufariji, kwa niaba ya familia naomba niwasomee maisha ya mzee wetu.

Marehemu Telesphori Mihayo alizaliwa tarehe 3 Juni 1958 huko Ushirombo, mtoto wa nne wa mzee Bujiku Mihayo na mama Tereza, akasoma hapo hapo hadi darasa la saba mwaka 1973, na kinanda alijifunza kwa kutazama vidole vya mwalimu wa kwaya.

Mwaka 1976 aliajiriwa katika kiwanda cha kuchambua pamba Kahama, na baada ya kazi aliingia kikundi cha maigizo, ambako alipewa nafasi ya mlevi, ya mlinzi, ya baba mkwe mkali, kamwe si ya mhusika mkuu, ila nyimbo zote za kikundi alizitunga yeye, kwa mahadhi aliyoyasikia kwa Wasukuma wakilima. Tarehe 22 Septemba 1984 alifunga ndoa na Melania, wakajaliwa mtoto mmoja, Salome, na kiwanda kilipofungwa mwaka 1995 walihamia hapa, akafungua kazi ya cherehani.

Mwaka 2007 aliitwa kuigiza mchawi katika filamu iliyopigwa Kahama, akamwigiza vizuri kupita kiasi, kwani mkanda ule ulizunguka vibanda umiza vyote vya kuonyeshea filamu, kuanzia machimbo ya Mwakitolyo hadi hapa sokoni, na tangu hapo akina mama waliacha kumletea nguo za kushona, watoto wakakimbia salamu yake, na watayarishaji wakamtaka kwa uchawi tu. Melania ndiye aliyekuwa akicheka naye juu ya hayo, naye alifariki mwaka 2011.

Kuanzia hapo mzee aliishi peke yake. Salome alimsihi ahamie kwake Geita, akajibu, "Mwanangu, hapa wananiogopa, lakini wananijua, huko kwenu nitakuwa mzee tu." Aliendelea kutunga, akiwapa nyimbo walimu wa kwaya waliopita, na Jumapili moja huko Kagongwa alikaa benchi la nyuma akisikiliza wimbo wake ukiimbwa, mwalimu akatangaza kwamba mtunzi hajulikani, naye akapiga makofi pamoja na wengine, akapanda basi kurudi nyumbani.

Mwezi Agosti 2023 alianza kuvimba miguu, madaktari wakabaini tatizo la moyo. Siku mlango wake uliposhinda umefungwa, jirani yake Paskazia, yaani Mama Noela, ambaye kwa miaka mingi alizunguka nyuma ya nyumba yake asikutane naye, alibisha akiwa na uji mkononi, akamwambia, "Shikamoo Baba Salome, nisamehe, nilikuogopa kwa ajili ya ile sinema," naye mzee, akihema kwa shida, akasema, "Marahaba mama, basi wewe ndiye mtazamaji niliyekuwa namtafuta." Walicheka mpaka uji ukapoa. Tangu siku hiyo Mama Noela alikuja kila asubuhi, na jioni alikaa kizingitini mzee akimwimbia nyimbo ambazo hakuna kwaya iliyokuwa imezipata.

Mzee alifariki Jumanne tarehe 11 Machi 2025, asubuhi, hapa nyumbani, Salome akiwa bado njiani kutoka Geita, na aliyemfumba macho ni Mama Noela.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi waliomtibu, wasanii wenzake waliosafiri kutoka Kahama, wanakwaya, majirani mliochimba kaburi na kupika, na kwa namna ya pekee Mama Noela, ambaye tunamwomba leo akae nasi mbele, upande wa wafiwa.

Lala kwa amani, Baba Salome, Mungu akupokee kwa jina lako mwenyewe.