Rangi Moja Iliyobaki

Ndugu, jamaa na majirani, familia imenipa mimi, mdogo wake marehemu, kazi ya kusimulia maisha yake, na wameniambia nisizidishe kurasa mbili. Marehemu mwenyewe alipowekewa mpaka aliuruka, lakini mimi nitajitahidi kuwa mtiifu.

Dada yetu, ambaye wengi wenu mlimwita Mama Wino, alizaliwa tarehe 14 Machi 1957 katika nyumba ya vyumba viwili nyuma ya kiwanda cha matofali, mtoto wa kwanza wa mchoma matofali na muuza maziwa. Mama alikuwa akisema kwamba alichelewa kutembea, na alipoanza hakukamatika tena.

Alisoma shule ya msingi ng'ambo ya reli, kisha sekondari ya bweni ya wasichana, akamaliza mwaka 1975. Huko, mwalimu wa jiografia aliwaagiza wachore ramani ya wilaya. Dada akachora vilima, nguo zilizoanikwa, mbuzi juu ya paa la zahanati, na mwalimu mwenyewe akisukuma baiskeli yenye pancha. Alipata sifuri. Lakini mwalimu yuleyule aliibandika ramani ile ofisini kwake, na ndiye aliyekwenda kwa miguu yake kumwombea nafasi chuo cha sanaa.

Alipotoka chuoni aliajiriwa kwenye kiwanda cha uchapaji, akichora lebo za sabuni na viberiti. Hapo ndipo wino ulipoingia kwenye kucha zake, na haukutoka tena. Juzi, walipokuwa wakimwandaa, binti yake alijaribu kuzisugua, kisha akaacha.

Mwaka 1983 aliaga kiwandani akaanza kuzunguka. Alipanda basi, alipanda lori, penginepo alitembea, karatasi zake za kuchorea zimefungwa mgongoni. Akifika mahali alibisha hodi kwa mtu asiyemjua na kuomba kukaa barazani achore. Alichora mito na milima, lakini mbele ya mlima hakukosa kuweka mlango wa mtu. Akirudi, aliichonga picha ile kwenye ubao, akaupaka wino, akalaza karatasi juu yake na kuisugua kwa mgongo wa mwiko mpaka picha ishike. Baadaye wanawe walikula ugali uliosongwa kwa vijiko, maana mwiko ulikuwa kazini.

Sasa, ubao hugeuza picha. Cha kulia huwa kushoto. Mchongaji anatakiwa achonge kinyume, na dada, kwa haraka zake, mara ya kwanza alisahau. Alipowapelekea wenyeji picha ya mji wao, mama mmoja muuza mkaa aliitazama sana.

"Mwanangu, kanisa letu umelihamishia wapi?"

"Lipo palepale, mama. Mimi ndiye niliyekaa upande wa pili."

"Upande wa pili kuna choo."

Ndiyo maana alianza kutafuta kioo kikubwa, aone humo picha itakavyotoka kabla ya kuchapa, na kioo kikubwa mtaani kilikuwa kimoja tu, kwa fundi cherehani. Aliingia na ubao wake kifuani, akasimama mbele ya kioo. Fundi akachukua futi.

"Nikupime gauni au sketi?"

"Usinipime. Nimeuleta huu ujitazame."

Alirudi kesho yake, na kesho kutwa. Mwishowe fundi akauliza, "Huo ubao una mwenyewe?" Akajibiwa, "Unaye. Ni mimi." "Na wewe je?" Dada alicheka, na alikuwa bado anacheka walipofunga ndoa tarehe 6 Desemba 1986. Walijaliwa watoto wawili.

Ilikuwa ndoa ya upendo, na sitasema haikuwa na kidonda. Dada aliondoka majuma, mara nyingine miezi; shemeji alibaki na watoto na cherehani. Hakumzuia hata mara moja. Kitu kimoja tu kilimkaa rohoni, nami nilikisikia kwa masikio yangu mezani kwao.

"Umechora milango ya watu wote. Wa kwetu lini?"

"Wa kwetu nauona kila siku."

"Anayeuona kila siku ni mimi, mke wangu. Wewe uko njiani."

Dada alianza kukusanya sahani, jambo ambalo halikuwa kawaida yake. Shemeji hakuuliza tena. Lakini tangu hapo picha mpya ikitoka, alikuwa akiisifu bila kuikaribia.

Mwaka 2021 dada alipata kiharusi kilichochukua mkono wake wa kulia, na miguu ikakosa nguvu. Safari zikaisha. Alijifunza kuchonga kwa mkono wa kushoto, akiutukana mkono huo matusi ambayo siwezi kuyasoma hapa. Mwanzoni mwa mwaka huu akatangaza kwamba atachora mlango wa nyumbani kwake. Tulifurahi, ila tulishangaa kwamba hakutaka kusogezwa dirishani. Alichora akiwa kitandani, kutoka kichwani.

Alichagua njia ngumu kuliko zote. Ubao ni mmoja. Unachonga kidogo, unachapa rangi ya kwanza. Unachonga tena ubao uleule, unachapa ya pili juu ya ya kwanza. Hivyo hivyo mpaka mwisho. Ulichokichonga hakirudi, na kinachobaki kwenye ubao mwishoni ni kile tu cha rangi ya mwisho. Binti yao, muuguzi, alishika ubao mama akichonga. Shemeji alisugua karatasi. Ikatoka njano, ikatoka ya udongo, ikatoka buluu ya kivuli. Mtaa ukaonekana, ukuta, ngazi, mlango uliofunguliwa. Mlangoni hapakuwa na mtu.

Shemeji alisema, "Umetoka vizuri," akarudi dukani. Nilimfuata. Alikuwa anatia uzi kwenye sindano ambayo tayari ilikuwa na uzi.

"Shemeji, hata kwangu sipo," akaniambia.

Rangi ya mwisho dada aliichongea akiwa amejifungia chumbani, na binti yake tu ndiye aliyeruhusiwa kuingia. Alimaliza kuchonga. Kuchapa hakuwahi. Kiharusi cha pili kilimchukua Jumanne tarehe 8 Oktoba 2024, asubuhi, chai ikiwa bado ya moto, na shemeji alikuwa amemshika mkono.

Alhamisi binti alimwendea baba yake. "Baba, mama amebakiza rangi moja."

"Iacheni. Kazi ya mtu haimaliziwi na mwingine."

"Hii ni yako kuimaliza, baba. Nakuomba."

Alikubali kwa ajili ya machozi ya mtoto, si kwa kutaka. Binti akapaka ubao wino mweusi, akalaza karatasi ileile yenye rangi tatu. Baba akasugua, taratibu, kama anayepiga pasi nguo ya mteja. Kisha akainua pembe.

Mlangoni palikuwa na mwanamume mwenye futi shingoni, ameegemea fremu, mkono mmoja juu ya macho, anatazama barabarani. Hivyo ndivyo shemeji alivyosimama kila dada alipokuwa anarudi, na picha nzima imechorwa kutoka barabarani, mahali ambapo mtu ateremkaye basi huanza kuiona nyumba ile.

Shemeji alikaa chini, palepale sakafuni. Akailaza karatasi mapajani.

"Kumbe alikuwa ananiona tangu kona," akasema.

Picha hiyo ndiyo iliyochapwa nyuma ya ratiba mliyoshika. Chini yake, mahali pa sahihi, pako wazi, na shemeji amekataza mtu kupajaza.

Marehemu ameacha mume, binti, mtoto wa kiume ambaye ni dereva wa lori, wajukuu wanne, na mimi mdogo wake, ambaye sina tena wa kunisahihisha. Mwenyezi Mungu ampe dada yetu mapumziko mema, na amtunze anayesimama mlangoni.