Kufuli la Mpangaji

Basi letu la kutoka Mpwapwa lilikuwa likikaribia Dodoma. Mama aliyekaa mbele yangu alimweleza muuza mitumba aliyekaa naye kwamba anakwenda Baraza la Nyumba kwa kesi yake mara ya saba. Mwenye nyumba wake, Gideoni, anataka kumtoa ili afungue baa humo, maana siku hizi kila kitu ruksa.

"Huyo Gideoni yuko wapi?" akauliza muuza mitumba. "Kila tarehe ya kesi tunapanda basi hili hili. Leo sijamwona." "Basi umeshinda, mama!" "Nishinde wapi? Wataahirisha."

Kweli tupu, niliwaza. Kesi yangu ya nyumba waliiahirisha mpaka msiba wa mke wangu ukawekwa kwa jirani, kwa kukosa pangu. Wakubwa wanakaa nyumba za serikali, haraka ya nini?

Muuza mitumba akauliza taratibu, "Nyumbani umemwacha nani?" "Nimefunga kufuli." "Mama yangu, kufuli ni lako, lakini mlango ni wa nani?"

Mama akasema, "Nikirudi, Baraza litasema sikufika. Nikienda, nitakuta vyombo vyangu barabarani."

Basi likasimama stendi. Wengine tulishuka. Mama alibaki kitini, anamuuliza kondakta wanageuza saa ngapi kurudi Mpwapwa.