Koili ya Kaka Haikuwa Mbovu

Ndugu waombolezaji, mimi ni mdogo wa marehemu, mpishi wa shule, familia imenipa kazi ya kuwasomea maisha ya kaka yetu, na nitayasoma yote.

Marehemu alizaliwa tarehe 9 Juni 1957, mtoto wa pili kati ya watano, katika nyumba za wafanyakazi nyuma ya karakana ya reli, alisoma shule ya msingi kuanzia 1965 hadi 1971, akaenda chuo cha ufundi kujifunza kusuka nyaya za mota, na Januari 1979 akaajiriwa na kituo cha kupima sumaku ya dunia. Tarehe 13 Agosti 1983 alifunga ndoa na wifi yetu, fundi cherehani, wakajaliwa mabinti wawili.

Kazini alizungusha waya wa shaba mwembamba kama unywele kwenye fimbo ya chuma, mizunguko elfu arobaini kwa koili moja, akihesabu kimoyomoyo, na ukimsemesha alikuinulia kidole bila kugeuka. Sumaku ikibadilika, umeme kidogo huzaliwa kwenye waya, ikibadilika haraka huzaliwa mwingi zaidi, ikitulia hupati kitu, lakini koili yenyewe ikitikisika nayo huzaa umeme, wa uongo, ndiyo maana hufukiwa mita moja ardhini, mbali na upepo na nyayo za watu. Hilo hata mimi wa masufuria nimelielewa, Mkurugenzi wa kituo mwenye vyeti ukuta mzima hakulielewa.

Machi 2009 aliamuru koili ifukuliwe, ipakwe rangi, itundikwe kwenye mlingoti getini ili wageni waione, kaka akamwambia haifai, akaambiwa anyamaze. Upepo ukavuma, kalamu ya mashine inayochora umeme huo ikacheza, na bwana mkubwa akatangaza kifua mbele kwamba amenasa dhoruba ya sumaku, ambayo hakuna kituo kingine kilichoiona. Kufunika aibu, tarehe 2 Aprili alisoma barua mbele ya wafanyakazi wote kwamba koili ilisukwa vibaya, kaka akapelekwa stoo kugawa mifagio, miaka minane, hadi alipostaafu.

Figo zilianza kumsumbua mwaka 2021, akafariki wodi namba tatu Jumanne, tarehe 11 Februari 2025, saa mbili asubuhi, akiwa ameomba jambo moja tu, barua ile ifutwe.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi, majirani walioleta viti, na mafundi wenzake, ambao mwezi uliopita, bila kumwomba mtu ruhusa, waliifukia tena koili ileile, wakapima siku nne, ikalingana na vituo vingine mstari kwa mstari.

Mkurugenzi, ambaye bado ni Mkurugenzi, hatumshukuru. Baada ya vipimo hivyo ameandika barua ya kufuta ile ya kwanza, anayo mfukoni mwa koti, leo asubuhi alituma ujumbe kwamba angependa kutukabidhi barua hiyo kwa faragha, ofisini, wiki ijayo, nasi tumemjibu kwamba alimchafua mbele za watu, atamsafisha mbele za watu, na jeneza halishuki mpaka aisome.

Kaka, hapa ndipo ningekuambia upumzike, lakini ngoja kidogo, Mkurugenzi anasimama.