Faina Yegorovna Lapshina, Mama Aliyesema "Usije"

Dada yangu, Faina Yegorovna Lapshina, alizaliwa tarehe 9 Machi 1957 hapa hapa Kineshma, kifungua mimba wa Yegor na Klavdia. Mimi Raisa ni wa pili, ndiyo maana wasifu huu nausoma mimi, ingawa kichwa changu leo kimevurugika.

Alisoma shule ya mtaani kwetu hadi 1974, kisha akasimama kwenye mitambo ya kufuma nguo miaka thelathini na moja. Kelele za mitambo zilimzoesha kupayuka. Hata akikutakia heri, majirani walidhani mnagombana.

Mwaka 1986 aliolewa na Gennady, fundi wa boti, mtu mpole aliyetutangulia mwaka 2009. Walijaliwa binti mmoja, Ulyana.

Agosti 2014 Ulyana alihamia Ureno. Kituoni mama yake alimpayukia mbele za watu, "Nenda, na usirudi!" Binti akapanda treni bila kugeuka. Faina akalia njia nzima. Nikamwuliza, si wewe uliyemfukuza? Akasema, "Nilimwambia asirudi kuishi huku. Nani alimwambia asigeuke?" Haya, mwelewe wewe.

Oktoba iliyopita moyo ulianza kumsumbua. Kwa simu alimkataza Ulyana asije, asijiharibie kazi. Akishakata, ananilalamikia kwamba mabinti wa wenzake huja hata mama akiugua mafua. Nilipompigia Ulyana nimwambie ukweli, Faina alininyang'anya simu, akasema yeye hajambo. Alifariki Jumapili, tarehe 11 Februari 2024, alfajiri.

Yafuatayo hayamo kwenye karatasi mlizogawiwa. Ulyana alifika jana, akaniuliza jambo moja tu: "Mama mdogo, alitaka nije au hakutaka?"

Tulifungua furushi la maziko alilojiandalia mwenyewe, kama wanawake wote wa kwetu. Ndani mlikuwa na gauni, viatu, na vitambaa viwili vya kichwa, cheupe na cheusi. Tukabishana, maana maiti hafungwi cheusi. Tulimfunga cheupe, kile kingine nikakitia mfukoni. Leo mlangoni mwa kanisa Ulyana akasimama kichwa wazi, hakukumbuka kubeba cha kujifunika, kama mama yake alivyomjua. Nikamfunga kile cheusi, rangi ya mfiwa.

Basi jibu lako unalo kichwani, mwanangu. Mengine yote hata mimi sijayaelewa.

Ameacha binti mmoja, Ulyana, na mdogo wake, mimi. Faina, mtoto amefika. Pumzika sasa kwa amani.