Farasi Mwekundu wa Ramosoeu

Sikilizeni, wanangu, sogeeni, maana sauti yangu sasa haivuki mlango. Tšeliso, najua kesho unakwenda barazani kwa chifu kuwashitaki watoto wa marehemu mjomba wenu Ramosoeu, uwanyang'anye farasi wao, eti mbegu yao iliibwa kwa babu yako. Ugomvi huo ulikuwa wangu kabla hujazaliwa, na leo naueleza ulivyokwisha.

Serikali ya Wazungu wa Rasi, kule pwani ya kusini, ilipotutaka sisi Basotho tusalimishe bunduki, zile tulizozitolea jasho kwenye mashimo ya almasi, chifu hakumlazimisha mtu; alisema tu, mwenye farasi na moyo aje. Tukaja vijana wa kijiji hiki, kila mmoja na farasi wake, blanketi lake na unga aliofungiwa na mama yake, tukajiita Nyuki, na mkuu wetu tukamchagua Molahlehi, mfupi kuliko wote, kwa kuwa farasi wake hakujua kuteleza. Lo, tulivyopendeza! Vigelegele vilipopigwa, hata farasi walitembea kwa maringo.

Mimi na Ramosoeu hatukusalimiana. Farasi wake, jike jekundu, alifanana mno na jike la baba yangu lililopotea malishoni, nami nilikwisha kumwita mwizi mbele za watu.

Siku moja wapanda farasi wa Rasi wakatufuata mlimani na farasi wao warefu walioshiba shayiri. Molahlehi akatukimbiza kama waoga mpaka penye majabali, na wale warefu walipoanza kuteleza, tukageuka, tukawashukia tukiimba. Hapo farasi wangu akapigwa risasi, nikabaki chini, wenzangu wamekwisha pita. Mara nasikia kwato: Ramosoeu amerudi peke yake, risasi zikitimua vumbi pande zote.

"Panda!"

"Sipandi farasi wa wizi!"

"Kichwa maji wewe! Kama ni wa baba yako, basi panda farasi wa baba yako!"

Wanangu, nilicheka palepale, nikapanda, tukashuka mlima wawili mgongo mmoja, tukicheka hata Molahlehi akadhani tumerukwa na akili. Yeye aliuawa katika pigano la mwisho, na ndiyo maana mdogo wako, Tšeliso, anaitwa kwa jina lake. Lakini serikali ilichoka kabla yetu, na bunduki zikabaki mikononi mwetu.

Tuliporudi, baba yangu alimzunguka yule jike, akamshika masikio, akasema kwa sauti, "Awe aliibwa, awe alizaliwa kwao, mwanangu amerudi juu yake. Nimempa Ramosoeu." Kisha dada yake Ramosoeu akatuletea pombe ya mtama, akanicheka nilivyochechemea, na yaliyofuata ni ninyi.

Unasemaje, Tšeliso? Watu watasema tumeogopa? Waache waseme, mdomo haulipiwi kodi. Akufaaye kwa dhiki ndiye rafiki, na mtoto wa mjomba hapelekwi barazani kwa kitu alichopewa baba yake na babu yako. Kesho nenda kwa chifu, ulifute shauri hilo kwa kinywa chako mwenyewe, kisha pitia kwao, ule chakula chao.

Nyumba na zizi ni vyako. Shamba la bondeni ni la mdogo wako Molahlehi. Nthofeela, binti yangu, tandiko langu mpelekee Lineo, kitinda mimba wa Ramosoeu. Nimemwona akipanda, na katika nyumba hii hakuna amfikiaye, msininunie. Mnizike kando ya zizi. Ng'ombe wa matanga achinjwe na nyumba zote mbili, na wimbo wa Nyuki uimbwe kwa nguvu, atakayeuimba kinyonge akalale njaa.

Niinue kidogo, Nthofeela... hapo. Mvua iwanyeshee, wanangu, mashamba yenu yajibu, wake zenu na waume zenu wawachekeshe hadi uzeeni. Amani... amani iwakalie. Nimechoka, lakini ni uchovu wa mtu atokaye arusini. Leteni mikono... wote... hivyo. Hivyo.