Sanduku la Shoti

Benchi letu liko nje ya karakana ya Fundi Redio, mguu mmoja umeinuliwa kwa tofali. Hapo tunakunywa kahawa na kutatua matatizo ya watu wote isipokuwa yetu. Asubuhi ile tatizo lilikuwa la Gia Nne, dereva mstaafu. Kiharusi kimemlegeza mkono wa kulia, na hospitali wamemwambia aende kesho aanze kutibiwa kwa umeme. Hakulala. Nasi, kama kawaida yetu, tukageuka madaktari.

GIA NNE: Jamani, umeme! Mimi nikibadili balbu tu nazima nyumba nzima.

FUNDI REDIO: Toa wasiwasi, kaka. Mwili ni redio. Upande mmoja umeisha chaji, unachajiwa, basi.

KINYOZI: Na wakizidisha? Nasikia kuna mtu alitoka huko akawa anashika stesheni za nje kwa meno.

FUNDI REDIO: Si ndiyo faida hiyo! Ataacha kuniazima redio.

MIMI: Mbona zamani tulipigwa shoti tukapona? Mmesahau lile sanduku la zahanati?

Nani alisahau? Sanduku la mbao, mpini wa kuzungusha ubavuni, vyuma viwili vya kushika. Mgonjwa alishika kimoja, ndugu zake wakashikana mikono mstari mzima, wa mwisho akashika cha pili, mganga akazungusha. Tuliamini maumivu yakigawanywa yanapungua. Siku zile zilikuwa tamu, wacha niseme.

KINYOZI: Mjomba aliumwa mgongo, tukatetemeka ukoo mzima. Mpaka shangazi aliyekuja kusalimia tu!

FUNDI REDIO: Kumbe ndiyo maana mkasi wako unatetemeka mpaka leo.

GIA NNE: Mimi walinitibu goti. Marehemu mke wangu ndiye aliyenishika mkono. Shoti ilipokuja alicheka mpaka kilemba kikadondoka. Nami nikacheka. Goti hata sijui lilipona saa ngapi.

Akautazama mkono uliolala pajani. Nilimkumbuka mno yule shemeji yetu, aliyekuwa akija kutufukuza hapa benchini huku anacheka.

FUNDI REDIO: Mashine za sasa zina akili, kaka. Zitaukumbusha mkono kazi yake ya zamani, uanze kubadili gia wenyewe.

KINYOZI: Utaamka asubuhi umeshavuka mpaka, kitanda na wewe!

Tukacheka, hata Gia Nne. Mlangoni alikuwa amesimama mwanamke mmoja, mgeni kwetu, akisubiri pasi yake itengenezwe.

MWENYE PASI: Samahanini. Huyu baba kesho anakwenda na nani?

Fundi akaanza kutafuta bisibisi aliyokuwa ameishika. Kinyozi akachungulia kikombe kitupu. Tangu asubuhi tunamfundisha umeme, na hilo halikumjia hata mmoja wetu. Niliona haya.

GIA NNE: Nakwenda mwenyewe, mwanangu. Hawa wenzangu wana kazi.