Noti ya Kumi na Moja

— Wewe Wino, ule ni muziki kweli, au tunatukanwa mchana kweupe?

Aliyeuliza ni Nyuzi, fundi wa piano, na macho yake yalikuwa ghorofani, kwenye dirisha la chumba cha mitihani, ambako kipande kilekile kilikuwa kinapigwa kwa mara ya nne. Kijiwe chao ni benchi moja lililoegemezwa ukuta wa nyuma wa chuo cha muziki, kati ya mlango wa wafanyakazi na mapipa ya taka. Kila saa nne asubuhi hukaa hapo watu walewale: Nyuzi, Mama Sindano, anayeshona magauni na makoti ya wapigaji, Profesa, ambaye ni mlinzi wa mlango, aliyepata jina hilo kwa kusikiliza mihadhara ya watu miaka ishirini akiwa amesimama nje, na Wino, mnakili wa noti, anayepokea kazi ya mtunzi iliyoandikwa kwa penseli na kumwandikia kila mpigaji karatasi yake kwa wino mweusi, safi hata mashine ione haya. Kahawa hutoka kwenye chupa ya Mama Sindano. Ya Wino leo ilikuwa imepoa kikombeni, na goti lake la kushoto lilikuwa linachezacheza kama la mtu anayesubiri kuitwa na daktari.

— Ni muziki, alisema Wino.

— Mwache mjomba wa watu, alisema Mama Sindano. Mpwa wake yuko juu anabanwa tangu saa mbili, wewe unamletea maskhara.

Hilo walilijua wote. Binti wa dada yake Wino, aliyekulia nyumbani kwake, alikuwa amewasilisha muziki alioutunga, kazi yake ya kumalizia chuo. Wakaguzi watatu waliisikiliza, wakaifungua, wakaona kasoro, na sasa wanataka aieleze.

— Kasoro yenyewe ni ipi? Mama Sindano aliuliza.

Profesa akajikohoza.

— Hapa, mama, tunazungumzia dhana ya kimuundo...

— Zungumza kama mtu.

— Haya. Vibao vya piano, vyeupe na vyeusi, ukihesabu kabla havijaanza kujirudia ni kumi na viwili. Mtunzi wa mtindo huu anavipanga foleni apendavyo. Foleni hiyo wanaiita safu. Sasa sheria: hakuna noti inayorudi mpaka zote kumi na mbili zimepita. Ni zamu ya ulinzi tu! Mimi nikilinda leo, silindi tena mpaka wenzangu kumi na mmoja wamalize.

— Mbona wewe uko hapa kila siku?

— Ndiyo maana nikasema ni dhana.

Nyuzi akacheka mpaka kahawa ikampalia. Profesa akaendelea bila kumjali.

— Safu ikishapangwa, anaipiga kinyumenyume, anaipindua juu chini, lakini ni ileile.

— Kama gauni, alisema Mama Sindano. Ligeuze ndani nje, mshono uko palepale.

— Hapo umenena. Basi mpwa wa Wino, ukurasa wa kwanza kabisa, noti ya kumi na moja ni noti ambayo ilishapita. Na nyingine haimo. Lakini kurasa zote zinazofuata ziko sawasawa! Wakaguzi wanauliza, mtu gani anapotea mlangoni kwake halafu vyumbani anatembea gizani bila kujikwaa? Wanasema kazi si yake. Kaiba mahali, tena kaiba vibaya.

Goti la Wino likasimama, kisha likaanza upya.

— Hamjui kitu nyie, alisema Nyuzi. Mtindo huu waliubuni wenye viwanda vya piano.

— Acha bwana!

— Nisikilizeni mimi ninayezifungua. Vibao vingine vinapigwa mpaka vinachimbika, vingine vinazeeka vipya. Wateja wakalalamika. Viwanda vikamwendea mtunzi mmoja, vikamwambia, bwana mkubwa, tugawie uchakavu sawa kwa sawa.

— Muziki wa kugawa uchakavu!

— Tairi za gari si mnabadilisha, za mbele nyuma, za nyuma mbele?

— Mimi nasema aliyeanzisha alilelewa nyumba ya watoto kumi na wawili, alisema Mama Sindano. Mama anapakua, na marufuku kurudi sufuriani mpaka wote wameonja. Mtoto akakua na kinyongo chake.

Profesa akashusha sauti, akaangalia huku na huku, ingawa aliyepaswa kuangalia huku na huku pale mlangoni ni yeye, na siku zote hafanyi hivyo.

— Na kama ni siri za nchi? Noti kumi na mbili, ukizipanga na kuzipangua, unapeleka ujumbe wowote. Ukumbi mzima unapiga makofi, kumbe jasusi wa mstari wa nyuma kashapata habari yake. Wale watatu hawamkagui huyu binti. Wanamhoji. Noti ya kumi na moja alikuwa anamwandikia nani?

Wino akasimama. Akaenda mpaka kwenye mapipa, akarudi, akakaa.

— Una nini leo? aliuliza Mama Sindano.

— Mgongo.

Haukuwa mgongo. Wiki tatu nyuma binti alimwekea kurasa zile mezani, na Wino alizinakili kama anavyonakili zote, akiimba puani. Alipofika noti ya kumi na moja kalamu ikasimama. Ilikuwa chungu, imening'inia, haina pa kukalia. Akawaza, mtoto wa watu hajala tangu asubuhi, penseli imemteleza. Akaipandisha kibao kimoja, na mstari mzima ukatulia kama mtu aliyepata kiti. Watunzi wangapi alishawafichia makosa ya namna hiyo, na hakuna aliyewahi kugundua? Na kwa kuwa mnakili anayejiheshimu haachi nakala na asili zipishane, alichukua ufutio akaifuta na ya kwenye asili, akaandika mpya kwa penseli, kichwa cha noti kikilalia kushoto vilevile anavyoandika binti. Hakuhesabu mpaka kumi na mbili. Hakuwaza kabisa kwamba mtu mwenye akili zake anaweza kuweka uchungu pale kwa makusudi.

Alipoelewa ilikuwa leo asubuhi, aliposikia kwamba binti anabanwa kwa noti hiyo, na tangu hapo alikuwa anajiambia watamsamehe. Mnakili anayegusa noti ya mtunzi hapewi tena karatasi, na chuo hiki ndicho kinachompa karatasi zote.

Mlango ukafunguliwa. Binti akatoka, uso umemsawajika.

— Shikamooni.

— Marahaba, mama. Njoo ukae, alisema Mama Sindano, akisogea. Wamesemaje?

— Wamenipa dakika kumi. Nikisaini kwamba kazi si yangu, narudia mwaka. Nisiposaini, wananipeleka kwenye kamati, na kamati inafukuza.

— Usisaini! alisema Nyuzi. Waambie habari za viwanda.

Binti hakumsikia.

— Noti ile niliitafuta siku nne. Nilitaka ikere. Nilitaka mtu akifika pale ashindwe kukaa vizuri. Halafu leo wananiwekea karatasi yangu mbele yangu, mwandiko wangu mwenyewe, na noti ni nyingine. Mtu anaandika kwa mkono wake halafu anakumbuka kitu kingine?

— Kisaikolojia, alianza Profesa, kuna hali ambayo...

Akatafuta jina la hali hiyo, akalikosa. Mama Sindano alifunga kifuniko cha chupa ambacho kilikuwa kimeshafungwa.

— Kama siwezi kukumbuka nilichoandika, alisema binti, basi pengine na hizo kurasa nyingine si zangu. Naenda kusaini yaishe.

Akainuka, akashika kitasa, kisha akageuka.

— Mjomba, nilipokupa ile karatasi, ya kumi na moja ilikuwa noti gani?

Nyuzi akamtazama Wino. Profesa naye akamtazama. Juu, dirishani, piano ilikuwa imeacha kupigwa.

— Ilikuwa unayoikumbuka, alisema Wino, na sauti ikatoka kubwa kuliko alivyokusudia. Hukukosea, mwanangu. Niliifuta mimi, nikaandika yangu kwa mwandiko wako.